Ryan wa Baba, Rayyan wa Bibi

Juzi nilimpeleka binti yangu kujifunza kuogelea, na kabla hata sijaliona bwawa, harufu ya klorini ikanipata mlangoni, nikasimama. Binti akanivuta mkono, "Mama, twende basi," nami miguu imegoma. Wenzangu wa rika langu wakisimulia harufu ya baba zao husema jasho, ama sigara, ama mafuta ya nywele. Ya baba yangu ni klorini. Alikuwa mtunza bwawa katika hoteli moja ya Shanzu, na dawa ile ilimwingia mpaka kwenye foronya za mito. Akirudi jioni tulimrukia, tukanusa shati kwanza ndipo tukauliza amebeba nini.

Siwezi kuinusa nikatulia. Hunirudisha kwenye kipindi kile ambacho nyumbani kwetu hakuna aliyekaa kitako, na chanzo chake kilikuwa jina la mdogo wangu.

Tulikaa Mtopanga, vyumba viwili vya kupanga: Baba, Mama, Hawe, mimi na mdogo wangu. Hawe ndivyo Wagiriama wanavyomwita bibi. Alikuwa mama yake Baba, mjane, mtu wa kanisani kila Jumapili, na ulimi wake haukuwa na breki. Mama alikuwa Mdigo wa Likoni, Mwislamu, binti wa watu waliolima na kuzika wafu wao ng'ambo ile tangu bandari haijawa bandari. Yeye na Baba walipendana bila kumwomba mtu ruhusa. Bibi wa Likoni, mama yake Mama, alikubali mwishowe kwa sharti moja, kwamba Baba asilimu. Baba akajibu, "Inshallah." Mwaka ukapita, na mwingine, na kila akiulizwa jibu lilikuwa lile lile, mpaka Bibi akaanza kulisikia neno hilo kama mlango unaofungwa polepole.

Mimi nilikuwa na majina mawili. Mtopanga niliitwa Kadzo, jina la Hawe mwenyewe, maana kwa Wagiriama binti wa kwanza humzaa upya bibi yake. Likoni niliitwa Mejumaa, kwa kuwa nilizaliwa Ijumaa. Tulivuka kwa feri kwenda na kurudi mara kwa mara, na nilijifunza kuliacha jina moja upande huu kama mtu anavyoacha viatu mlangoni. Hakuna aliyegombana kwa ajili yangu. Mtoto wa kike, walisema, ni mgeni.

Alipozaliwa mdogo wangu, Baba hakumngoja mtu. Kulikuwa na mgeni mmoja wa hotelini, mzee wa kutoka Ayalandi, aliyekuja kila mwaka kwao kukiwa na baridi. Alikaa chini ya mwavuli amevaa kofia pana, kwa sababu jua lilimbabua vibaya. Baba alisema huyo ndiye mgeni wa pekee aliyemwita kwa jina lake, Karisa. Wengine, hata watoto wao wasiofika kiunoni kwake, walimwita boi. Siku moja Baba alimwuliza jina lake yeye, Ryan, lina maana gani. Mzee akamwambia ni mfalme mdogo.

"Mimi naitwa boi kutoka asubuhi mpaka jioni," Baba alimwambia Mama hospitalini, amempakata mtoto. "Huyu ataitwa mfalme. Atakayemwita, apende asipende, atakuwa amemwita mfalme."

Hawe alinuna wiki nzima. Mume wake marehemu aliitwa Charo, na mtoto wa kwanza wa kiume alipaswa kuwa Charo, hilo halikuwa jambo la kujadiliwa. "Unamruka baba yako unamfuata mzungu wa hoteli," alimwambia Baba. "Haya. Tutaona."

Mama akampigia simu Bibi kumpa habari. Nilikuwa nimeketi ubavuni mwake. Alitamka jina kama Baba alivyolitamka, na kutoka upande wa pili tukasikia kilio cha furaha.

"Rayyan!" Bibi alisema. "Allahu akbar! Peponi kuna mlango uitwao Rayyan, hawaupiti ila waliofunga. Mkwe wangu kachagua mwenyewe?"

Mama akamtazama Baba. Baba akatazama kucha zake.

"Naam, mama," Mama akasema. "Kachagua mwenyewe."

Bibi alituma mbuzi wawili wa akika, sadaka ya kuzaliwa mtoto. Tangu siku hiyo alimwombea Baba dua kwa jina, na akawaambia majirani kwamba nuru imeshaingia, yaliyobaki ni siku tu. Hakuna aliyemsahihisha. Na Hawe, watu wote wakiwa wametoka, alimwinamia mtoto akamnong'oneza, "Charo. Charo wangu." Mimi nilimsikia. Nilisikia kila kitu, kwa sababu hakuna aliyenihesabu.

Mdogo wangu alikuwa mtoto asiyetulia. Alitembea mapema, akapanda kabla hajatembea vizuri, akaanguka na kupanda tena. Alipofika miaka mitano alikuwa na kovu la chai ya moto mkononi, kovu la bati mguuni, na jino moja la mbele alilolipoteza akiruka kutoka juu ya tangi la maji. Kula kwenyewe alikula akitembea. Mama alikuwa akikaanga mahamri ya kuuza alfajiri, na ilibidi mimi nimshike shati nyuma kama mbuzi wa kamba asilifikie karai.

Siku aliyoanguka tangini, Hawe alimfuta damu, akasema bila kunitazama, "Jina la mtu haliazimwi. Mwenyewe anamwita huko aliko, ndipo mtoto hatulii. Na siku mwenyewe atalitaka, atalichukua na kilichomo."

Nilikuwa darasa la nne, na nilijua maana ya kuazima. Ukiazima sufuria, mwenye sufuria huja kuichukua. Kama umeshaipikia, shauri yako. Kuanzia hapo nilimwona mdogo wangu kama chakula ndani ya sufuria ya mtu.

Likoni nako nilikuwa nimesikia la kwangu. Bibi alikuwa akisuka ukili barazani na jirani yake, akasema kwa sauti ya upole iliyonitisha zaidi ya ukali: "Wallahi, siku nitakayojua nachezewa, binti yangu na wanawe watarudi hapa na sitauliza mara mbili." Kwa hivyo nikawa na hofu mbili na hakuna wa kumwambia. Nikiwa shuleni niliwaza nyumbani, nikiwa nyumbani niliwaza Likoni. Mwalimu aliniuliza mbona naandika nimesimama.

Kisha Baba akarudi siku moja anacheka peke yake. "Mzee wangu amefika," alimwambia Mama. "Na safari hii anataka kumwona wajina wake. Nitampeleka kesho kutwa."

Hiyo kesho kutwa ndiyo siku Bibi naye aliyosema atakuja. Hakuwa na desturi ya kuja Mtopanga. Alikuja kumchukua mtoto aanze chuo cha Kurani kule kwake. Mama alikaa kwenye kibao cha mbuzi, ameshika nazi, asiikune.

Usiku wa kuamkia siku hiyo usingizi haukunipata. Asubuhi, Mama alipokwenda kupeleka mahamri na Hawe akiwa anaoga, nilimvalisha mdogo wangu shati lake la sikukuu nikamshika mkono. Mpango wangu ulikuwa safi kabisa kichwani. Tutakwenda sisi wenyewe hotelini kabla mzee hajaja kudai. Tutamrudishia jina lake kwa adabu, halina ufa, halijaungua. Bibi akifika atakuta mtoto hana jina, na mtoto asiye na jina hawezi kugombaniwa.

Tulitembea. Njia yote alinivuta, mara kwa mwuza makaa wa kona, mara kwa kuku, mara arudi kinyumenyume. Askari wa langoni alitujua.

"Nyie wa Karisa, mwafanya nini huku?"

"Shikamoo. Tumeleta kitu cha mgeni."

"Marahaba. Kitu gani?"

"Ni cha kusema," nikamjibu.

Akacheka, akampigia Baba simu. Baba alikuja mbio na wavu wake wa kuchotea majani, uso umemshuka akidhani kuna msiba. Nilipomwambia hakuna aliyekufa, alipumua, akatuingiza kwa mlango wa wafanyakazi. Na pale, chini ya mwavuli, ndani ya kofia, alikuwa yule mzee. Nilimtarajia mkubwa. Alikuwa mwembamba, mikono ina madoadoa, na alisimama kwa shida kumpa mdogo wangu mkono kama mtu mzima mwenziwe.

Nikasema maneno niliyokuwa nimeyapanga. "Tumekuja kukurudishia jina lako. Usimchukue yeye."

Baba hakutafsiri. Mzee akamtazama, akamwuliza. Baba akatikisa kichwa. Mzee akauliza tena, na Baba akatafsiri, sauti chini, kama anayesoma kesi yake mwenyewe.

Mzee hakucheka, na hilo nimelishukuru maisha yangu yote. Alivua kofia, akaketi ili macho yetu yalingane, akaanza kusema huku Baba akifuata nyuma. Alisema hawezi kulipokea kwa sababu si lake. Kwao lilikuwa jina la ukoo kabla watu hawajaanza kuwapa watoto wao kama jina lao la kwanza. Zamani liliandikwa na herufi moja mbele, na herufi hiyo maana yake ni mjukuu wa. Wote wenye jina hilo ni wajukuu wa mtu mmoja aliyeitwa Rian, ambaye hakuna anayejua alikozikwa.

"Kwa hiyo nikilichukua," alisema, "nitampelekea nani?"

Baba alikuwa amesimama pale na wavu wake. Sasa akauliza swali lake mwenyewe, na nilijua ni lake kwa vile alivyomeza mate kwanza. "Lakini ni mfalme mdogo. Si ndiyo?"

Mzee akajikuna shingo. "Baba yangu alisema mfalme. Mwalimu wangu wa shule alisema hapana, ni neno la kale la maji, la bahari. Waliojua hasa walikufa zamani."

"Uliniambia mfalme."

"Nilikuambia nilichoambiwa, Karisa."

Uso wa Baba ulikunjamana kidogo, ukarudi. Mzee akanigeukia mimi. "Na wewe, jina lako nani, na maana yake nini?"

Hakuna mtu aliyewahi kuniuliza. Nilifungua kinywa, majina mawili yakaja kwa pamoja, hakuna lililopita. Nilikuwa bado nimesimama hivyo Baba aliposema, "Ryan yuko wapi?"

Mkono wangu ulikuwa mtupu.

Baba alitazama majini kwanza. Uso ule sijauona tena kwake wala kwa mtu mwingine. Alilizunguka bwawa lote akitazama chini, midomo inacheza, akafika mwisho akarudi kwa upande wa pili. Hakuna kitu. Maji yalikuwa maangavu, ungeweza kuona sarafu. Kisha tukaona kilango cha kwendea pwani kiko wazi, kinapigapiga.

Tukatoka kwenye mchanga. Watu walikuwa wachache: wauza vinyago, mtu na ngamia wake, wageni wamelala chali. Bahari imekupwa, miamba iko nje, na mtoto wa miaka mitano angeweza kuwa nyuma ya mwamba wowote. Baba akaanza kuita, "Ryan! Ryan!" Mzee akamfuata kwa fimbo, naye anaita. Mimi nilikimbia huku na huku bila kuita.

Ndipo nikawaona Mama, Hawe na Bibi wakishuka kwa njia ya wauzaji. Bibi alikuwa amefika mapema, akakuta nyumba haina watoto. Mwuza makaa akawaambia alituona tukielekea Shanzu, wakapanda tuktuk moja, wale bibi wawili magoti yakigusana, watu ambao katika miaka yote hiyo walikuwa wamesalimiana kwa simu tu.

"Yu wapi?" Mama alimshika Baba shati.

"Alikuwa hapa, sasa hivi alikuwa hapa."

Hawakungoja maelezo. Bibi akanyanyua buibui lake asilikanyage, akaanza kuita, akilivuta jina kwa ndani kama msomaji, "Rayyaaan! Ya Rayyan!" Hawe akaenda upande wa miamba, na kwa mara ya kwanza akaita kwa sauti lile alilokuwa akilinong'ona. "Charo! Charo we!" Na kutoka nyuma yetu sauti kavu ya yule mzee, "Ryan!"

Bibi akasimama.

Aligeuka polepole. Alimtazama mzee, akamtazama Baba. "Huyu mzungu kamjuaje mjukuu wangu?"

Hawe, ambaye hofu ilikuwa imemwondolea hata ule ujanja kidogo aliokuwa nao, akajibu akiwa mbali. "Si ndiye mwenye jina! Mwanangu kalitoa kwake. Mimi nilisema tangu mwanzo aitwe Charo!"

Niliona jambo hilo likimwingia Bibi. Hakupiga kelele. Alifunga macho kidogo tu, akayafungua. "Tumtafute mtoto kwanza," akasema, na akaendelea kuita. Lakini safari hii hakuita jina. Aliita, "Mjukuu wangu! Mjukuu wangu!"

Sijui tulikaa hivyo kwa muda gani. Ninachokumbuka ni mtu mmoja kijana, mwuza shanga, anakuja kutoka upande wa kusini na shanga zake zinamning'inia mkono mzima, na mabegani mwake kuna shati la sikukuu. Alikuwa akipaza sauti kama anayenadi bidhaa.

"Dada ni nani hapa? Mwenye mtoto! Mimi nina mtoto anasema yeye ni wa Dada!"

Mama alikaa chini mchangani kama gunia.

"Nimemwuliza jina zaidi ya mara kumi," yule kijana alimwambia Baba, akimshusha. "Yeye kasema tu, mimi ni wa Dada, Dada yuko kule. Alikuwa akimfuata ngamia."

Mdogo wangu alinijia moja kwa moja, amejaa mchanga, akanishika gauni. Hakuwa amelia hata kidogo. Nililia mimi kwa niaba yake.

Bibi alimtazama Baba. "Miaka mitano umenidanganya."

"Sikukudanganya, mama. Wewe ulisikia, mimi nikanyamaza."

"Kunyamaza nako ni kusema."

"Kweli," Baba akasema. "Nisamehe. Nilitaka mtoto awe na jina kubwa. Na wewe ulipolifurahia, nikaogopa kukupokonya."

Yule mzee alikuwa amesimama kando, kofia mkononi, haelewi neno hata moja na anaelewa yote. Bibi alimpita bila ukali. Akamwambia Mama, "Inuka. Twende." Na Mama, ambaye siku zote nilimjua kwa kujibu, aliinuka akaenda, nasi tukaenda naye. Baba alibaki mchangani na wavu wake. Alikuwa amekimbia nao njia yote.

Likoni tulikaa muda mrefu. Nilihamishwa shule. Mdogo wangu alikwenda chuo, akafukuzwa mara mbili kwa kupanda dirisha, akarudishwa. Kila siku ya mapumziko yake Baba alivuka, akasimama chini barabarani mbele ya nyumba ya Bibi, si ndani wala si mbali, na Mama akaenda kuzungumza naye pale huku majirani wakitazama. Hawe alituma mihogo. Bibi aliipika na hakusema imetoka wapi.

Jioni moja Bibi alikuwa akinisuka nywele, vidole vyake vikavu, akaniuliza kwa ghafla, "Yule mzee alisemaje, siku ile? Kuhusu jina."

Nikamwambia yote. Mjukuu wa mtu asiyejulikana alikozikwa. Mfalme, kama si mfalme, basi maji.

Vidole vikasita. "Maji?"

"Alisema ni neno lao la kale. Hawana hakika."

"Rayyan kwa Kiarabu ni aliyekunywa mpaka akakata kiu," Bibi alisema. Akaendelea kusuka, akanikaza mno, nikavumilia. "Na wao nao humwita mtoto mjukuu wa fulani?"

"Ndivyo alivyosema."

"Haya," akasema.

Baba alipokuja tena, jua likiwa kali, Bibi alitoka mwenyewe mpaka barabarani na bilauri ya maji. Nilikuwa dirishani. "Kunywa," alimwambia. Baba akanywa yote kwa mkupuo, akampa bilauri kwa mikono miwili. Bibi akarudi ndani, akamwita Mama. "Mumeo yuko kwenye jua kali. Amua."

"Nimeshaamua zamani, mama," Mama akasema. "Nilikuwa nakungoja wewe. Mimi sikuolewa na jina."

Nisiwadanganye kwamba mambo yalikwisha vizuri. Baba hakusilimu, na Bibi hakuacha kumwombea mpaka alipofariki, wala hakuacha kuumia. Mzee wa Ayalandi hakurudi mwaka uliofuata, wala mwingine, na Baba hakupata wa kumwuliza. Hawe aliendelea na Charo wake, sasa kwa sauti kubwa, na mdogo wangu aliitika kwa yote, akiwa tayari ameshakimbia kabla hujamaliza kuita.

Siku ya kurudi Mtopanga, Bibi alitusindikiza mpaka kivukoni. Baba alitangulia na godoro kichwani, Mama na mabegi. Geti lilipofunguliwa watu wakamiminika, baiskeli, mikokoteni, wanafunzi, na tukavutwa mbele kama maji ya mfereji. Nikasikia nyuma yangu, "Mejumaa!" Makelele yalikuwa mengi, sikugeuka, nikadhani ni Mejumaa mwingine, Likoni wako wengi. Ndipo sauti ile ile ikaita tena, ikijikwaa kidogo kwenye neno ambalo haikuwahi kulitamka.

"Kadzo! We Kadzo!"

Nikageuka. Bibi alikuwa ameshikilia vyuma vya geti, buibui limemwanguka mabegani, mkono mmoja juu.

"Abee, Bibi!"

"Mshike mkono huyo mtoto!"

Nilikuwa nimeshamshika.